Jina Lililo Katika Daftari: Hotuba kwa Watu wa Siakago

(Haya ndiyo maneno ya hotuba iliyotolewa Siakago, katika Mbeere Kaskazini, juu ya kuandikisha uzazi, ndoa na vifo. Tunayachapa kamili kwa ajili ya wasomaji wetu walio mbali, maana shauri lenyewe ni la kila nyumba.)



Najua kwamba wengine wenu mmetoka Nthawa, hapa karibu, lakini wengine mmetembea tangu alfajiri kutoka Muminji na Evurore, na mmewaachia watoto mbuzi. Kwa hiyo sitawachosha kwa maneno ya bure. Nimekuja kusema juu ya mambo matatu ambayo kila mmoja wetu anayajua: kuzaliwa, kuoa au kuolewa, na kufa. Mambo haya hayakuletwa na Serikali, nayo Serikali haiwezi kuyazuia. Lakini iko kazi moja ambayo ni yetu sote, nayo ni kuyaandika.

Wahenga walisema, "Mali bila daftari hupotea bila habari." Mfanyabiashara wa ndengu pale sokoni analifahamu neno hili vizuri, na hawezi kumkopesha mtu gunia moja bila kuandika. Ajabu ni kwamba mtu huyo huyo huenda ana watoto watatu nyumbani ambao majina yao hayamo katika daftari lolote. Je, gunia la ndengu limekuwa na thamani kupita mtoto?

Msidhani kwamba nawadharau wazee wetu ambao hawakuandika. Wao walikuwa na daftari lao, nalo lilikuwa kichwani. Katika nchi hii mtoto hupewa jina la babu yake au nyanya yake, hata mtu akisikia majina ya watoto wa nyumba moja, aweza kuwataja wakubwa wa ukoo huo. Marika nayo yalikuwa na majina, na mtu aliyejua rika la baba yako aliweza kukisia umri wako. Tena wazee waliihesabu miaka kwa mambo makubwa: mwaka wa nzige, mwaka wa njaa, mwaka wa mvua kubwa. Hata leo wako watu wazima wanaosema, "Mimi nilizaliwa wakati wa mafuriko," maana yake 1961. Au, "Huyu alizaliwa wakati wa ile njaa," maana yake 1984.

Daftari hilo lilikuwa zuri, lakini lilikuwa na upungufu mmoja: mzee akifa, kurasa zake huzikwa pamoja naye. Jambo hili lilionekana hapa Mbeere katika miaka ya 1970, wakati mashamba yalipopimwa na kuandikishwa. Koo zilishindana juu ya ardhi, na kila upande ulimleta mzee wake kuhesabu mababu na kueleza ni nani aliyefyeka msitu kwanza. Aliyekuwa na mzee mwenye kumbukumbu alikuwa na nguvu, na ambaye mzee wake alikuwa amekwisha kufa alipata taabu. Hapo ndipo wengi walipotambua kwamba ukweli wenyewe hautoshi, bali hapana budi uwe na shahidi asiyekufa.

Shahidi wa namna hiyo si jambo la juzi duniani. Kule Uingereza makanisa yaliamriwa kuandika ubatizo, ndoa na maziko tangu 1538, na Serikali ikaanza kuweka daftari lake yenyewe katika 1837. Kwetu Kenya kazi hii ilianza katika 1904, lakini haikuanza kwa ajili yetu. Kwanza waliolazimishwa kuandikisha uzazi na vifo walikuwa Wazungu, kisha baada ya muda mfupi wakaongezwa watu wa asili ya Asia. Sheria iliyotungwa katika 1928 iliimarisha kazi hiyo, na sheria hiyo, pamoja na marekebisho mengi, ndiyo inayotumika hata sasa.

Na Mwafrika je? Hapa nitasema wazi, maana ni habari ya kweli. Serikali ya kikoloni ilimwandika Mwafrika pia, lakini haikumwandika alipozaliwa. Ilimwandika alipofikia umri wa kufanya kazi. Kwa sheria ya 1915, iliyoanza kutumika baada ya Vita Kuu ya Kwanza, mwanamume wa Kiafrika aliandikwa, akachukuliwa alama za vidole, akapewa kipande cha kutembea nacho. Daftari lile lilikuwa la kumtafuta mtu aliyetoroka kazini, wala halikuwa la kumlindia haki yake. Kwa hiyo mzee akiliogopa daftari la Serikali, tusimcheke. Ana sababu zake.

Daftari la uzazi na vifo lilifunguliwa kwa Waafrika kuanzia 1963, mwaka wa Uhuru, sehemu moja baada ya nyingine, mpaka katika 1971 ikawa ni lazima kwa watu wote katika nchi nzima. Basi kama mama yako alizaliwa hapa kabla ya miaka hiyo, naye hana cheti, si kosa lake wala la babu yako. Lakini mtoto wako aliyezaliwa mwaka jana akikosa cheti, kosa hilo haliwezi kupelekwa kwa mkoloni. Ni letu.

Sasa nitaeleza njia yenyewe, nanyi msikilize vizuri.

Mtoto akizaliwa hospitali au katika kituo cha afya, mwuguzi ndiye anayejaza fomu ya kuarifu uzazi. Mama hupewa kipande cha karatasi kuonyesha kwamba habari imepokewa. Tangu Juni 1, 1993? La, nisikosee: ilikuwa katika 2013 ambapo Serikali iliondoa malipo ya kujifungua katika hospitali zake, na tangu hapo akina mama wengi zaidi wamezalia hospitali, na watoto wengi zaidi wameandikwa. Lakini angalieni: karatasi ile ya hospitali si cheti. Wako wazazi wanaoikunja, wakaiweka sandukuni pamoja na kadi ya chanjo, wakafikiri kwamba kazi imekwisha. Ile ni ushahidi tu kwamba habari imetumwa. Cheti chenyewe hutolewa na ofisi ya msajili, na hapana budi kukiomba.

Mtoto akizaliwa nyumbani, anayepasa kuarifiwa ni Naibu wa Chifu. Yeye ndiye mwandishi wa Serikali katika kata-ndogo yake, naye anazo fomu. Mkunga aliyesaidia, au baba, au jamaa aliyekuwapo, aende akamweleze siku ya kuzaliwa, jina la mtoto, majina ya wazazi, na mahali. Wala msingoje mpaka mtoto aote meno. Sheria imeweka miezi sita. Ikipita, mtoto bado aweza kuandikwa, lakini huitwa mwandikishwa aliyechelewa: ada huongezeka, na wazazi hutakiwa kuleta ushahidi, kama vile kadi ya chanjo, kadi ya ubatizo, karatasi za shule, vitambulisho vyao, na barua ya chifu. Jambo ambalo lingemalizwa kwa matembezi ya asubuhi moja likawa safari za mwezi mzima.

Juu ya majina nina maneno mawili. La kwanza ni tahajia. Njiru na Njeru ni majina mawili, nanyi mnajua kwamba ni watu wawili. Lakini karani aliyetoka mbali huenda asijue, naye akisikia vibaya ataandika alivyosikia. Baada ya miaka kumi na minane kijana atakwenda kuomba kitambulisho, na cheti cha kuzaliwa kitasema Njeru, karatasi za shule zitasema Njiru, na yeye mwenyewe atakuwa kama mtu mgeni katika maisha yake. Kwa sababu hiyo, kabla ya kutia sahihi, mwombe karani akusomee alichoandika, herufi kwa herufi. Kama hujui kusoma, enda na mtoto wako wa shule. Si aibu. Aibu ni kukaa kimya.

La pili ni kwamba wengine huchelewa kwa sababu wazee bado wanashauriana juu ya jina. Sheria imelifikiria jambo hilo. Mtoto aweza kuandikwa kabla ya kupewa jina, na jina likaingizwa au kubadilishwa katika muda wa miaka miwili baada ya kuandikwa. Basi ushauri wa wazee usimzuie mtoto kuandikwa.

Najua kuna kina mama hapa ambao wangependa kuuliza, "Na mtoto asiye na baba nyumbani?" Mtoto huyo ni mtoto kamili. Katiba ya 2010, katika kifungu cha 53, inasema kila mtoto ana haki ya kupata jina na uraia tangu kuzaliwa, wala haikuuliza kama wazazi wake wameoana. Zamani, sheria ilikataza jina la baba kuandikwa ikiwa wazazi hawakuoana, isipokuwa baba mwenyewe akubali pamoja na mama. Katika 2016 Mahakama Kuu iliamua kwamba kifungu hicho kinapingana na Katiba, maana kilimwadhibu mtoto kwa jambo ambalo hakulifanya. Basi mama asirudi nyuma kwa haya. Aende akamwandikishe mtoto wake.

Cheti hiki kina kazi gani? Nadhani wazazi wa watoto wa shule wamekwisha kujibu. Tangu 2017, shule zilipoanza kuwaandika wanafunzi katika mitambo ya Wizara ya Elimu, cheti cha kuzaliwa kilitakiwa, na ofisi za wasajili zikajaa wazazi waliokuwa wakikimbia kama watu wanaokimbilia basi la mwisho. Kijana akitaka kitambulisho, cheti. Akitaka pasipoti, cheti. Na kwa msichana kina kazi nyingine iliyo kubwa zaidi: Sheria ya Ndoa inasema mtu asioe wala asiolewe kabla ya miaka 18. Mjomba akitaka kumwoza msichana na kudai kwamba amekwisha kuwa mtu mzima, cheti hujibu kwa niaba yake. Msichana asiye na cheti hukadiriwa umri kwa macho, na macho ya mwenye kutaka mbuzi hayaoni vizuri.

Sasa nageukia vifo. Najua jambo hili ni zito, na kwamba mtu akiwa na msiba hapendi kusikia habari za fomu. Lakini sikilizeni habari ya mama mmoja. Sitamtaja jina wala kijiji, kwa kuwa habari yake ni habari ya wengi.

Mama huyu aliolewa kwa desturi. Mbuzi walitolewa, pombe ya asali ikanywewa, wazee wakambariki, naye akakaa na mumewe miaka zaidi ya ishirini, wakazaa watoto watano. Baba mkwe alifariki, akazikwa. Hakuna aliyekwenda kuarifu. Shamba likabaki katika jina la marehemu. Baada ya miaka mingine mumewe naye akafia nyumbani, akazikwa. Tena hakuna aliyeandikisha. Mwaka haukuisha, shemeji akaja na watu wa kununua. Mama akakataa. Shemeji akasema, "Wewe ni nani? Onyesha kwamba uliolewa hapa."

Mama akaenda mahakamani. Karani akamwuliza, "Una cheti cha kifo cha mwenye shamba?" Hana. "Cha mume wako?" Hana. "Cha ndoa?" Hana. Basi ilimpasa kwanza kuthibitisha kwamba maiti wawili wamekufa, ndipo aweze kusema neno lolote juu ya ardhi. Halafu akaambiwa alete wazee waliopokea mbuzi. Walikuwa wanne. Watatu walikuwa wamekwisha kufa. Wa nne aliletwa akishikwa mkono, macho yake hayaoni, lakini alikumbuka hata rangi ya beberu. Kwa ajili ya mzee yule mmoja mama akasikilizwa, akabaki na shamba lake. Lakini shauri lilichukua miaka, na mbuzi wote aliokuwa nao waliishia katika nauli na malipo, na mtoto wake mmoja akaacha shule. Nawauliza: kama mzee yule wa nne angefariki mwezi mmoja mapema, ingekuwaje?

Hakuna mtu aliyemdhulumu mama yule kwa karatasi. Alidhulumiwa kwa kukosa karatasi. Sheria ya Urithi, iliyotungwa katika 1972 na kuanza kutumika katika 1981, inamtambua mjane na watoto wake. Lakini mlango wa sheria hiyo hufunguliwa kwa cheti cha kifo. Asiye nacho hubisha hodi nje.

Basi fanyeni hivi. Mtu akifia hospitali, wenye hospitali hujaza fomu. Mtu akifia nyumbani, Naibu wa Chifu aarifiwe kabla ya maziko, naye ataandika habari na kutoa kibali cha kuzika. Kama mtu amekufa kwa kupigwa, kwa ajali au kwa njia isiyoeleweka, polisi waarifiwe kwanza, wala maiti asizikwe kwa haraka. Na kitambulisho cha marehemu kisifichwe wala kuchomwa, kwa sababu hutakiwa. Maziko yakiisha, mmoja wa jamaa apewe kazi ya kufuata cheti. Katika kila msiba huchaguliwa mtu wa kununua sukari na mtu wa kutafuta turubai. Mchagueni na mtu wa cheti. Na mtoto mchanga akifa, hata kama aliishi siku moja tu, aandikwe alipozaliwa na aandikwe alipokufa. Daktari na Serikali hawawezi kujua ugonjwa unaowaua watoto wa Evurore ikiwa makaburi yao hayahesabiwi. Hesabu ya watu hufanywa mara moja kwa miaka kumi. Ile ya 2019 ilihesabu watu 608,599 katika Kaunti ya Embu. Lakini hesabu hiyo ni kama kutazama mto siku moja. Daftari la uzazi na vifo ndilo linaloonyesha maji yanavyoingia na yanavyotoka kila siku.

Sasa ndoa. Hapa watu wengi hukosea njia, kwa hiyo niwaeleze. Ofisi inayoandika uzazi na vifo siyo inayoandika ndoa. Daftari la ndoa liko chini ya Msajili wa Ndoa, katika idara ya Mwanasheria Mkuu. Tena zote mbili ni kazi za Serikali ya Taifa, wala si za Kaunti. Kwa hiyo usimlaumu mwakilishi wako wa wadi kwa cheti kilichochelewa.

Sheria ya Ndoa ya 2014 ilikusanya pamoja sheria nyingi za zamani, ikatambua ndoa za namna tano: ya Kikristo, ya kiserikali, ya kimila, ya Kihindu na ya Kiislamu. Zote zina heshima sawa, na zote zapasa kuandikishwa. Wanaooana kanisani huandikwa na mchungaji au padre mwenye leseni. Wanaooana kwa mila wanapasa kumwarifu Msajili katika muda wa miezi mitatu baada ya desturi kutimizwa, na kanuni za kuandikisha ndoa hizo zilianza kutumika katika 2017. Tena sheria inasema kwamba mahali ambapo mahari hutakiwa, kutoa sehemu yake tu kwatosha kuwa ushahidi wa ndoa. Neno hilo ni la faraja kwa vijana, maana wazee hapa wanajua kwamba mahari haimaliziki.

Mtu asije akaenda nyumbani akasema kwamba nimewaambia ndoa isiyoandikwa si ndoa. Sikusema hivyo. Mama yule niliyemtaja alikuwa mke wa kweli, na mahakama ilimtambua. Lakini mwenye cheti husema neno moja, na asiye na cheti husema maneno elfu, tena mbele ya watu wasiomjua.

Najua yako manung'uniko. Mtasema ofisi ziko mbali, nauli ni ghali, na kwamba siku hizi maombi hupelekwa kwa mitambo ya eCitizen, na wengi hapa hawana simu za namna hiyo. Hayo ni kweli, na wenye kazi wanapasa kuyasikia. Juu ya ada, hubadilika mara kwa mara. Isomeni katika tangazo lililobandikwa ukutani, mlipe kwa njia ya Serikali, mchukue risiti. Mtu akikuambia kwamba cheti chako kitatoka upesi ukimpa kitu kidogo kando, jua kwamba unanunua haki yako mwenyewe. Na wale wanaowaandikia wengine mtandaoni wasiwageuze wazee kuwa shamba la kuvuna.

Jioni ya leo, kabla ya kulala, kila mwenye nyumba ahesabu watu wake. Nani ana cheti na nani hana? Nani alizikwa bila kuandikwa? Mzee yupi bado yu hai ambaye alipokea mbuzi wa ndoa yako? Mtafuteni mzee huyo wakati angali anaona, mwende naye.

Tunawapa watoto majina ya babu zetu ili babu wasisahauliwe. Desturi hiyo ni njema, na tuishike. Lakini jina lililo midomoni mwetu tu litakufa pamoja nasi. Tuliandike.